Julai 1936 Alikuwa Wapi? Ufunguo wa Kusoma Riwaya za Familia za Vita vya Hispania

Tarehe 16 Julai 1936, sikukuu ya Bikira Maria wa Mlima Karmeli, mshairi Manuel Machado alikuwa Burgos, kaskazini mwa Hispania. Yeye na mkewe walikuwa wametoka Madrid kwenda kumsalimu shemeji yake, mtawa aitwaye Carmen, maana kwa desturi ya Wahispania mtu hupongezwa siku ya mtakatifu wa jina lake. Mdogo wake, Antonio, mshairi aliyemzidi kwa sifa, alibaki Madrid na mama yao mzazi, Ana Ruiz, bibi wa zaidi ya miaka themanini. Siku mbili baadaye majenerali walikuwa wameasi. Burgos ikawa ya waasi, Madrid ikabaki ya serikali, na kati ya ndugu wawili waliozoea kuandika tamthilia pamoja ukapita mstari wa vita. Hawakuonana tena.

Antonio alihamishwa Valencia, kisha Barcelona, na mwishoni mwa Januari 1939 akavuka mpaka kuingia Ufaransa akiwa mgonjwa, mama yake ubavuni, katikati ya msafara wa wakimbizi. Alifariki tarehe 22 Februari katika hoteli ndogo ya mji wa Collioure. Mama akamfuata siku tatu baadaye. Manuel, kule Burgos, alisikia habari za kifo cha mdogo wake, akafanya safari hadi Collioure, na alipofika akaonyeshwa makaburi mawili. Katika mfuko wa koti la marehemu, ndugu yao mwingine, José, alikuta kipande cha karatasi chenye mstari mmoja wa shairi kuhusu siku za buluu na jua la utotoni.

Nimeanza na familia hii kwa sababu riwaya za kihistoria kuhusu vita vya Hispania huwachanganya wasomaji wetu, na nadhani najua wanapokwama. Tunafungua kitabu tukiuliza: huyu mhusika yuko upande gani? Jibu linageukageuka, vyama vinaongezeka, vifupisho vya herufi nne nne vinajaa ukurasa, na kufika sura ya tano tumechoka. Swali la kwanza lingekuwa jingine: tarehe 18 Julai 1936 mhusika huyu alikuwa wapi? Manuel hakuichagua Burgos, ilimkuta huko. Alikamatwa, akalala rumande siku chache, akaachiwa, na baadaye akaandika mashairi ya kumsifu Franco, jenerali aliyekuja kuwa kiongozi wa waasi. Ilikuwa imani au woga? Hata leo watu hawajakubaliana, na riwaya nyingi nzuri za vita hivi zinaishi ndani ya swali hilohilo.

Uasi ulianza jioni ya tarehe 17 Julai katika makambi ya jeshi la Hispania huko Moroko, ukavukia bara kesho yake. Waliopanga walitarajia kuitwaa nchi kwa siku chache. Haikuwa hivyo. Mahali pengine maafisa walifaulu: Sevilla, Zaragoza, Valladolid, Granada, Burgos. Kwingine walizimwa na wafanyakazi wenye silaha pamoja na polisi waliobaki waaminifu kwa serikali: Madrid, Barcelona, Valencia, Bilbao, Málaga. Nchi ikachanika vipande, na kila kipande kikaanza kuandikisha vijana wake jeshini. Kijana wa Zaragoza mwenye moyo wa kijamaa akajikuta amevalishwa sare ya Franco. Kijana wa Barcelona anayesali rozari kila usiku akapewa bunduki ya Jamhuri, yaani ya serikali iliyoasiwa. Mwaka 1938 Jamhuri ilikuwa imeishiwa watu kiasi cha kuwaita vijana wa miaka 17 na 18, na wananchi wakawapa jina la uchungu: kikosi cha chupa ya kunyonyea. Wengi wao walipelekwa kwenye mapigano ya mto Ebro, yaliyodumu kuanzia Julai hadi Novemba mwaka huo.

Kiswahili kina msemo unaofaa sana hapa: vita vya wenyewe kwa wenyewe. Lakini kina pia neno litakalokutega, nalo ni mapinduzi. Sisi tunaliita mapinduzi jambo la askari kuiangusha serikali, na tunaliita mapinduzi hilohilo jambo la wanyonge kuigeuza nchi juu chini. Hispania ya Julai 1936 iliyapata yote mawili katika wiki moja. Makambini yalikuwa mapinduzi ya kijeshi. Barcelona, kwa kuyajibu, wafanyakazi wa CNT, chama cha wafanyakazi cha wanaanaki (watu wasiotaka serikali wala mabwana), walichukua viwanda, hoteli na hata tramu, wakazipaka rangi nyekundu na nyeusi. Serikali halali ya Jamhuri, iliyotokana na uchaguzi wa Februari 1936, ikabanwa katikati: inapigwa na majenerali kwa mbele, na nyuma yake mamlaka yameshikwa na kamati za mitaa. Ukisoma sura ambamo mwenye kiwanda anajificha kwa jirani huku mwanawe anapigania Jamhuri, kumbuka kwamba hayo mapinduzi mawili yanapita katika nyumba moja.

Vifupisho navyo usivikariri. CNT, FAI, UGT, POUM, PCE: ukijaribu kuvibeba vyote kichwani utaiacha hadithi. Mkishapita kurasa za mwanzo, jiulize tu kila kundi linajibu vipi swali lililoigawa Jamhuri yenyewe: tushinde vita kwanza halafu tubadili maisha, au tubadili maisha sasa ndipo watu wawe na cha kupigania? Wakomunisti na sehemu kubwa ya serikali walisema vita kwanza. Wanaanaki na POUM, chama kidogo cha wafuasi wa Marx waliompinga Stalin, walisema haviwezi kutenganishwa. Mei 1937 walipigana risasi wao kwa wao katika mitaa ya Barcelona, ilhali Franco bado yu hai na anasonga mbele. Kwa familia ya riwayani hii ndiyo sura mbaya kuliko zote, kwa kuwa ndugu walioponea chupuchupu mikononi mwa adui sasa wanakamatana wenyewe.

Halafu kuna majina ya pande. Wafuasi wa Franco walijiita wa taifa, na wenzao wote wakawaita wekundu, hata mwalimu wa shule asiyejua Marx ni nani. Wa Jamhuri waliwaita wale waasi au mafashisti, hata mkulima wa Navarra ambaye kilichomtoa nyumbani ni picha ya Moyo Mtakatifu wa Yesu iliyoshonwa kifuani. Msimulizi akisema wekundu, au akisema waasi, umeshajua anaketi chumba gani cha nyumba. Na wahusika hurudia walichosikia. Guernica ilipigwa mabomu Jumatatu ya soko, tarehe 26 Aprili 1937, na ndege za Ujerumani na Italia. Upande wa Franco ukatangaza kwamba Wabaski wameuchoma mji wao wenyewe, na uongo huo uliendelea kufundishwa miaka mingi. Shangazi anayesema mezani "waliuchoma wenyewe" huenda hadanganyi. Ndicho alichoambiwa, naye hana redio nyingine.

Nina lawama moja kwa waandishi. Wengi hupanga familia kama bunge: kaka mkubwa padri, wa pili mwanaanaki, wa tatu afisa wa jeshi, dada yao mpenzi wa mkomunisti. Kila kiti kina chama. Familia za kweli hazikupangika hivyo, na mafundo yake ni magumu kuliko hayo. Mtazame Franco mwenyewe. Binamu yake, Ricardo de la Puente Bahamonde, waliyekua pamoja, alikuwa mkuu wa kiwanja cha ndege cha Tetuán, huko Moroko, na alikataa kuwakabidhi waasi. Walimhukumu kifo na kumpiga risasi mwanzoni mwa Agosti 1936. Franco aliwaachia wengine kutia saini, lakini hakumwokoa. Au itazame nyumba ya akina Rosales huko Granada. Vijana wa nyumba hiyo walikuwa wanachama wenye uzito wa Falange, chama cha kifashisti, na ndio waliomficha mshairi Federico García Lorca, kwa kuwa mmoja wao, Luis, alikuwa mshairi pia na rafiki yake. Tarehe 16 Agosti Lorca alifuatwa na kutolewa humohumo, siku ileile shemeji yake, meya wa Granada, alipopigwa risasi. Lorca aliuawa siku chache tu baadaye, na mwili wake haujapatikana hadi leo. Mwandishi akibuni mafashisti wanaomficha mshairi wa mrengo wa kushoto chini ya paa lao, tungesema ametia chumvi.

Wala usidhani kwamba maskini wote walikuwa wa Jamhuri na wacha Mungu wote wa Franco. Kusini, Andalusia na Extremadura, dhana hiyo inakaribia ukweli: ardhi ilikuwa ya mabwana wachache, na kibarua alisimama alfajiri uwanjani pa kijiji akingoja msimamizi amnyooshee kidole, wewe na wewe, waliobaki rudini nyumbani. Machi 1936 maelfu ya wakulima wa Badajoz waliingia katika mashamba hayo na kuanza kulima. Agosti jeshi la Franco liliuteka mji wa Badajoz, na watu wakauawa kwa bunduki katika uwanja wa mchezo wa mafahali. Tarehe hizo mbili zisome pamoja. Lakini panda kaskazini. Wakulima wadogo wa Navarra walimiminika kwa waasi kwa ajili ya dini. Jirani zao wa Nchi ya Wabaski, Wakatoliki waendao misa kila Jumapili, walikaa na Jamhuri kwa sababu iliwapa serikali yao ya ndani Oktoba 1936. Mapadri wao zaidi ya kumi walipigwa risasi na jeshi lililodai kuitetea dini.

Mauaji yalikuwa ya pande zote mbili, na riwaya inayoficha upande mmoja usiiamini. Katika eneo la Jamhuri makanisa yalichomwa, na mapadri, mabradha na watawa karibu 7,000 waliuawa, wengi wao katika miezi ya kwanza. Kwa jumla wanahistoria wanakadiria takriban watu 50,000 waliouawa nyuma ya mstari upande huo, na 100,000 au zaidi upande wa Franco. Tofauti si ya idadi tu. Upande wa Jamhuri sehemu kubwa ya damu ilimwagika serikali ilipokuwa imepoteza udhibiti, na ilipungua serikali ilipojikusanya. Upande wa pili mauaji yalikuwa sehemu ya mpango wa wakuu, nayo yakaendelea vita vilipokwisha. Kwa familia iliyofiwa tofauti hiyo haina faraja yoyote, na mwandishi mzuri huviacha vyote viwili visimame bila kuvisawazisha.

Wahenga wetu walisema ndugu wakigombana, shika jembe ukalime. Hispania wageni hawakushika jembe. Hitler alipeleka ndege na marubani, Mussolini makumi ya maelfu ya askari, Muungano wa Kisovieti silaha na washauri, huku dhahabu ya benki ya taifa, tani 510 hivi, ikisafirishwa Moscow. Uingereza na Ufaransa zilijifungia katika kamati ya kutoingilia. Watu wa kujitolea wapatao 35,000, kutoka nchi zaidi ya hamsini, walikwenda kuipigania Jamhuri, na kati ya Wamarekani weusi waliokwenda wapo walioieleza wazi sababu yao: Italia ilikuwa imeingia Addis Ababa Mei 1936, na kwa kuwa hawakuweza kufika Ethiopia, wangekutana na Mussolini Hispania.

Na hapa naomba msomaji wa Afrika akae kidogo, kwa maana bara letu limo katika vita hivi kwa namna ambayo riwaya nyingi huipitia mbiombio. Jeshi la kwanza la Franco lilikuwa la Moroko. Wamoroko kati ya 60,000 na 80,000 waliandikishwa humo, wengi kutoka Rif, milima ileile ambayo Wahispania walikuwa wameitiisha kwa vita na gesi ya sumu miaka kumi tu kabla. Walikwenda kwa mshahara uliolipwa sehemu mapema, na kwa mahitaji ya nyumbani: mavuno mabaya, watoto wenye njaa. Katika riwaya za Kihispania wao ni Moro tu: kilemba, kisu, tishio mlangoni. Hana jina, hana mama. Yapo matendo ya kutisha waliyofanya, na maafisa wa Kihispania waliyachochea kwa makusudi, hata kwa kuyatangaza redioni ili wanawake wa upande wa pili waogope. Lakini wao nao walitoka katika familia, na ukiwaona wanapita katika sura bila jina, simama ujiulize nani alibaki Rif akingoja barua.

Majina ya wahusika yanahitaji maelezo yake, kwa kuwa ndiyo yaliyonifanya niiache riwaya yangu ya kwanza ya aina hii njiani. Mhispania ana majina mawili ya ukoo: la kwanza la baba, la pili la mama. Mwanamke akiolewa habadili. Kwa hiyo baba ni Ruiz Ortega, mama ni Vidal Soler, na watoto ni Ruiz Vidal. Watu wanne chini ya paa moja na koo zinaonekana kama tatu. Kisha kuna majina ya nyumbani. José ni Pepe, Francisco ni Paco, Dolores ni Lola, Concepción ni Concha. Sisi wenye akina Mudi na Dija hatupaswi kushangaa, ila lazima mtu atuambie. Na kuna majina yaliyobadilishwa kwa amri. Wazazi wa mrengo wa kushoto waliwaita mabinti zao Libertad, yaani Uhuru, na wana wao Germinal. Utawala wa Franco ukayakataza, pamoja na majina ya Kikatalani na Kibaski, na watoto wakaandikwa upya. Jordi akawa Jorge. Mhusika mwenye jina moja katika sura ya vita na jingine katika sura ya shule ya masista ni mtoto yuleyule.

Franco alitangaza ushindi tarehe 1 Aprili 1939. Msomaji mgeni hudhani hapo ndipo mwisho, kisha anashangaa kitabu bado kina kurasa mia mbili. Watu wapatao nusu milioni walikuwa wamevukia Ufaransa mapema mwaka huo, na wengi walilazwa juu ya mchanga wa ufukwe wa Argelès-sur-Mer, wamezungushiwa seng'enge, katika majira ya baridi. Zaidi ya 7,000 waliishia katika kambi ya Wanazi ya Mauthausen, ambako wengi wao walikufa. Waliobaki Hispania walikutana na sheria ya Februari 1939 iliyowaadhibu watu kwa siasa walizokuwa nazo tangu Oktoba 1934, yaani kwa mambo yaliyokuwa halali walipoyafanya. Kadi za mgawo wa chakula zilidumu hadi 1952. Ulanguzi ukawa maisha, na mjane wa mfungwa ndiye aliyeficha mfuko wa unga ndani ya sketi akiwa kwenye treni.

Riwaya niipendayo kuliko zote za vita hivi karibu haina uwanja wa mapigano. Ni *La plaça del Diamant* ya Mercè Rodoreda, aliyeiandika kwa Kikatalani akiwa uhamishoni Geneva na kuichapisha mwaka 1962. Mume anakwenda vitani na kufa huko. Sisi tunabaki Barcelona na mkewe na watoto wake wawili, katika nyumba iliyowahi kujaa njiwa, hadi siku njaa inapomfikisha kuwaza kununua asidi ili awamalize wanawe na yeye mwenyewe. Hakuna jenerali hata mmoja. Vita vyote vimekaa jikoni.

Mwaka wa kuchapishwa utazame kabla hujaanza kusoma. Kitabu kilichotoka ndani ya Hispania kabla Franco hajafa, Novemba 1975, kilipita mezani kwa wakaguzi wa serikali. Ukimya wake mara nyingi ni wa kulazimishwa. Kilichoandikwa uhamishoni, Mexico au Ufaransa, kinasema waziwazi, lakini kwa kumbukumbu ya mtu ambaye hajaiona nchi yake miaka ishirini. Vya tangu mwaka 2000 karibu vyote vina mjukuu anayekuta picha au barua kabatini. Wengine huona ni mtindo uliochosha. Mimi siwezi kuulaumu. Sheria ya msamaha ya 1977 ilifunga mashtaka ya pande zote, na nyumba nyingi zikafunga na mdomo. Kisha Oktoba 2000, huko Priaranza del Bierzo, mwandishi wa habari Emilio Silva akalifukua kaburi la kando ya barabara, akatoa miili 13. Mmoja ulikuwa wa babu yake, mwenye duka, aliyeuawa Oktoba 1936. Ulitambuliwa kwa vinasaba. Wajukuu wengine wakaanza kuuliza wa kwao yuko wapi, na sheria mbili za kuwakumbuka waathirika, ya 2007 na ya 2022, zikafuata.

Hawakuwa wafu peke yao waliofichwa. Manuel Cortés, kinyozi, alikuwa meya wa kijiji cha Mijas, karibu na Málaga. Vita vilipokwisha alirudi nyumbani usiku na kuingia ndani ya uwazi wa ukuta, mahali pa kutosha kiti kidogo. Mkewe aliuza mayai, akalipa kodi, akamlea binti yao, akahojiwa na polisi mara kwa mara, na kwa majirani alikuwa mwanamke asiyejua mume alikokwenda. Walipohama nyumba, mume alipita mtaani gizani amevaa nguo za bibi kizee. Alitoka Aprili 1969, serikali ilipotangaza msamaha kwa makosa ya wakati wa vita. Ilikuwa imepita miaka thelathini. Kwa hiyo ukifika kwenye kurasa zile mia mbili za mwisho, na mwandishi akakuonyesha mwanamke anayeishi na bintiye tu, ananunua wembe dukani na kuanika nguo ndani ya nyumba siku ya jua kali, usifunue ukurasa haraka. Hesabu sahani zilizopo mezani.